Naombeni ushauri: mwanangu kaonyeshwa video ya kutisha, sasa halali

Wakubwa shikamooni. Naishi Majengo, Moshi. Mwanangu ana miaka 12. Wiki iliyopita vijana wa mtaani walimwonyesha video ya mtu akisagwa na mashine, huku mmoja akimrekodi ili wamcheke sura yake. Alitapika hapohapo. Mpaka leo nyama hagusi, hata mtori anausukuma pembeni, na usiku anakuja chumbani kwetu anatetemeka.

Mdogo wangu anasema mchezo huu ni wa zamani: Rotten.com, tovuti ya picha za kutisha, ilianza 1996, na LiveLeak, tovuti ya video za aina hiyo, ikafungwa 2021, ila video zilishasambaa, sasa zinapita WhatsApp. Kwenye simu ya mwanangu nimezima video zisijipakue zenyewe. Lakini simu za wenzake siziwezi.

Baba yake anataka kumnyang'anya simu kabisa. Mimi naogopa ataacha kutuambia mambo, maana hili alilisema mwenyewe, kwa kilio.

Kuna aliyewahi kupiga 116, namba ya msaada kwa watoto? Wanaongea na mtoto au na mzazi? Na wale vijana, niwaendee wazazi wao au nianze kwa balozi wa nyumba kumi? Ile video ya mwanangu akitapika bado wanayo.