Tupeane uzoefu: mzee wako alipobadilika tabia kwa ugonjwa wa kusahau, ulifanyaje?

Mleta uzi, Tanga

Habari za jioni ndugu zangu. Najua humu tuko wengi tunaouguza wazazi wenye dimensia. Kusahau kwenyewe nilikuzoea mapema. Kilichonishinda ni tabia.

Mama yangu ana miaka 79. Jua likianza kushuka tu, si yule wa asubuhi. Anafunga kifurushi kwa kanga: kitana, kijiko, sukari kidogo kwenye karatasi na ndala moja ya mguu wa kushoto. Anasimama mlangoni. "Jamani mimi naaga, kwetu wananingoja." Kwao ni Pangani. Ile nyumba ilishaanguka, na anaosema wanamngoja wote ni marehemu.

Miezi minne nilikuwa nabishana naye. "Mama, hapa ndipo kwako. Mama, bibi alishafariki." Na kila nikimwambia bibi amefariki, alilia kama ndiyo kwanza anapewa msiba. Nilimfiwisha mama yangu mzazi sijui mara ngapi, nikidhani namwambia ukweli. Nikaanza kufunga mlango kwa kufuli, akaugonga mpaka kiganja kikavimba.

Jirani aliyewahi kumuuguza mamake aliniuliza, "Huko kwao anakokutaka, kuna nini?" Sikuwahi kumwuliza. Jioni ile nikamwuliza. Akasema, "Giza linaingia, mama atanitafuta." Nikaelewa kwamba niliyekuwa nambishia ni mtoto anayeogopa usiku.

Sasa namtangulia. Saa kumi na moja chai iko mezani, taa nawasha kabla giza halijaingia, pazia nafunga. Akiaga, nabeba kifurushi mimi: "Haya mama, nikusindikize." Tunatembea mpaka kwenye mwembe, namwuliza habari za mto na za kivuko cha kwenda Bweni, naye ananieleza vizuri kabisa. Tunarudi kwa mlango wa uani. Akiuona anasema, "Ahsante mwanangu, tumefika."

Si kila siku inafaa. Juzi alikataa kabisa kurudi, tukakaa barazani kwa watu mpaka saa tatu usiku. Nyie mlifanyaje? Semeni hata kilichoshindikana.

Mkaza mwana, Mombasa

Pole sana dadangu. Yangu mimi yalikuwa ya wizi. Mavyaa alinisimamisha mbele ya mawifi zangu akasema nimemwibia shilingi elfu nne za chama. Mimi ndiye nimwoshaye, mimi ndiye nimlishaye. Usiku ule nililia sana, mume wangu hakujua amtetee nani.

Pesa tulizikuta ndani ya ndoo ya mchele, zimefungwa kwenye leso. Daktari akatueleza: mtu akificha kitu, kisha akasahau kwamba amekificha, akili yake hutafuta sababu. Na sababu iliyo karibu ni yule anayeingia chumbani mwake kila siku. Basi kumbe nashutumiwa kwa kuwa mimi ndiye niliye karibu.

Siku hizi sijitetei. Namwambia, "Pole mama, zimepotea? Ngoja tutafute sote." Tunaanza na ndoo ya mchele, halafu chini ya godoro, halafu mfuko wa koti. Nikiziona mimi kwanza, namwacha azitoe yeye, maana nikizitoa mimi inakuwa ushahidi. Na nimemnunulia vipochi viwili vilivyo sawasawa.

Wifi mmoja hadi leo hajaniomba radhi. Hilo nalo liandikwe, kwa sababu ugonjwa huu huvunja nyumba.

Kutoka Moshi

Kwetu ni kuoga. Baba mkwe alikuwa mwalimu, mtu wa shati lililopigwa pasi. Akaanza kukataa maji. Wiki mbili hajaoga, na mke wangu akimsogelea anarusha ngumi. Tukasema amekuwa mkali, ugonjwa umepanda.

Aliyegundua ni kijana wangu wa kidato cha tatu. "Baba, babu anaona aibu. Mama ni binti yake." Mzee alikuwa amesahau majina yetu, lakini haya yake ilikuwa palepale. Sasa anaogeshwa na mjukuu, amejifunga shuka muda wote, na tunamwosha kwa mkono chini ya shuka. Maji ni ya moto, tunaanzia miguuni, tunapanda polepole. Kumwaga maji kichwani ghafla tumeacha, ilikuwa inamtisha sana. Kioo cha bafuni nacho tulikitoa, kwa sababu alikuwa anamsalimia mzee wa kwenye kioo na kukasirika haitikiwi. Ngumi zimekwisha. Siku akikataa, tunamfuta kwa kitambaa uso, kwapa na sehemu za siri, yanaisha.

Nesi mstaafu

Wanangu, nimefanya kazi wodini miaka mingi, naomba mnisikilize kwa jambo moja. Dimensia inakwenda taratibu, kwa miezi na miaka. Mzee aliyekuwa anaongea jana, leo anaona watu ukutani, au amelala mchana kutwa, au amekuwa mkali ndani ya siku mbili, hiyo si dimensia peke yake. Mpelekeni hospitali. Mara nyingi ni maambukizi ya mkojo, na kwa mzee yanaweza kuja bila homa wala kulalamika maumivu. Au ni nimonia, au maji mwilini yamepungua, au choo kimegoma siku tano. Jino bovu pia. Hawezi kukwambia "jino linauma", kwa hiyo anatema chakula na kukupiga mkono. Kama alianguka wiki zilizopita hata kidogo tu, semeni kwa daktari, damu huweza kuvia taratibu karibu na ubongo.

Na kama hajawahi kupimwa, ombeni vipimo vya damu: tezi ya shingo, vitamini B12, kaswende, VVU. Yapo matatizo ya kumbukumbu yanayotibika, na inauma kumkuta mtu amechelewa.

Dawa za kutuliza, taratibu sana. Tangu 2005 mamlaka ya dawa ya Marekani ilitoa onyo kwamba dawa za kutuliza wagonjwa wa akili (antipsychotics) zinaongeza hatari ya kifo kwa wazee wenye dimensia. Hazikatazwi kabisa, lakini ni za daktari, kwa kiasi kidogo na kwa muda mfupi, pale mtu anapokuwa hatari kwake au kwa wengine. Kwenda dukani kununua diazepamu ili mzee alale, hapana. Ataamka usiku anayumba, atavunja nyonga. Na kama tayari anatumia kila siku, msimkatishe ghafla, rudini kwa daktari.

Kutoka Shinyanga

Mama nesi, shikamoo. Ungekuwa kijijini kwetu mwaka ule.

Shangazi alikutwa saa nane za usiku kwenye uwanja wa jirani, kanga imemdondoka, anatafuta ng'ombe waliouzwa tangu sijaenda shule. Asubuhi neno likawa limeshapita: mchawi. Kwetu huku macho mekundu tu ya bibi aliyepikia kuni na samadi maisha yake yote yamewahi kumponza. Sasa bibi yuko uchi usiku kwenye uwanja wa mtu?

Nilipanda basi siku hiyohiyo. Tulikwenda na cheti cha daktari kwa mwenyekiti wa kitongoji, halafu nyumba kwa nyumba, kaya kumi na mbili, nikieleza kwamba ni ubongo unaugua. Nilisema hata Hai, Kilimanjaro, watafiti walikuta karibu wazee 6 katika kila 100 wa miaka 70 na kuendelea wana ugonjwa huu. Nyumba mbili hawakunikaribisha kukaa. Tulimhamishia kwangu mjini, mlangoni nikafunga kengele ya mbuzi ili akitoka nisikie. Yuko hai. Msiwafiche wazee wenu, waelezeni majirani mapema, kabla ya usiku kama ule.

Niko Muscat

Babu yangu alizaliwa Unguja, akaja huku miaka ya 1970. Alikuwa akisema Kiarabu na wanawe, Kiswahili na bibi. Bibi alipofariki, Kiswahili kikanyamaza nyumbani. Ugonjwa ukaja, Kiarabu kikamtoka kwanza, maana alikijua ukubwani. Wajukuu wadogo hawamwelewi, msaidizi ni Mhindi. Alikuwa anapiga vikombe chini kila adhuhuri, wakasema ana hasira.

Nilipokwenda kumtazama nikamsikia anasema, "Nna kiu. Nna kiu, jamani." Msaidizi alikuwa anampa kahawa.

Nimeandika maneno ishirini kwa herufi kubwa, nimeyabandika kwenye friji: maji, njaa, choo, baridi, panauma. Msaidizi anayasema kwa lafudhi yake, na babu anamwitikia.

Mleta uzi, Tanga

Nimesoma yote, Mungu awalipe. Mama nesi, kesho nampeleka kupima mkojo, kwa sababu ile ya juzi ya kukataa kurudi haikuwa kawaida yake.

Leo amefunga kifurushi kama kawaida. Alipokwenda msalani nilikifungua nikaweka na ndala ya kulia. Tulipofika mwembeni akakaa, akafungua kanga, akazitazama muda. Kisha akazivaa zote mbili.