Ndoo ya ukwaju lita 20: barafu, maji ya baridi, friji au mtungi?

MuuzaUkwaju: Habari wakuu. Nauza juisi ya ukwaju hapa Dar, ndoo ya lita 20. Ikishapoa yenyewe inabaki kama nyuzi 30, nami naitaka ifike 10. Barafu natumbukiza kwa kukadiria, mchana juisi imeshakuwa maji na wateja wananikunjia uso. Kijana wangu anasema hesabu yake ipo kwenye daftari: tungamo mara joto mahususi (joto la kubadilisha kilo moja kwa nyuzi moja; kwa maji ni jouli 4,200, jouli ikiwa kipimo cha joto) mara badiliko la jotoridi. Kipi kinafaa: barafu ndani, kuzungushia maji ya baridi, au friji?

Kidato4: Rahisi. Badiliko ni 20, ongeza 273 kuliweka kwenye kelvini, upate 293. Kwa hiyo 20 × 4,200 × 293 = jouli 24,612,000.

Mwalimu_Mstaafu: Kijana, kwa hesabu hiyo mama atahitaji kilo 65 za barafu kwa ndoo moja! 273 inaongezwa kwenye jotoridi lenyewe, si kwenye tofauti. Kutoka 303 hadi 283 ni 20 ileile. Kwa hiyo:

20 × 4,200 × 20 = jouli 1,680,000.

Hilo ndilo joto la kuondoa. (Juisi yenye sukari ina joto mahususi pungufu kidogo ya maji, lakini kwa biashara 4,200 inatosha.)

Sasa linganisha. Gramu moja ya barafu ya nyuzi 0 inameza jouli 334 kuyeyuka tu, kisha 42 kupanda hadi nyuzi 10. Jumla 376. Gawanya: karibu kilo 4.5. Maji ya nyuzi 5 yakipanda hadi 10 yanameza jouli 21 tu kwa gramu, kwa hiyo utahitaji lita 80. Ndoo nne za maji kupoza ndoo moja ya juisi! Nguvu ya barafu iko kwenye kuyeyuka kwake, ndiyo maana wanaliita joto fiche.

MuuzaUkwaju: Asante mwalimu. Lakini kilo 4.5 za barafu ni lita 4.5 za maji ndani ya juisi yangu. Ndiyo maana wananikunjia uso!

FundiFriji: Friji haitengenezi baridi, inahamisha joto kutoka ndani kulitupa nyuma. Gusa mgongo wake uone. Ikiondoa joto kwa wati 100, yaani jouli 100 kila sekunde, jouli zako zitachukua sekunde 16,800, karibu saa tano kasoro, na hapo mlango usifunguliwe. Kwa ndoo nzima mimi siishauri. Itumie friza kugandisha chupa za maji, uzitumbukize zikiwa zimefungwa.

Mwalimu_Mstaafu: Hapo fundi umepata. Barafu ya nyuzi 18 chini ya sifuri inaongeza jouli 38 kwa gramu kabla haijaanza kuyeyuka. Zinakuwa 414, na kilo 4 zinatosha. Chupa nane za nusu lita, zisijazwe hadi mdomoni maana maji yakiganda yanatanuka.

MzeeWaDodoma: Mmeusahau mtungi wa udongo, unaopoza kwa maji yanayopenya na kuvukizwa nje yake. Gramu moja ya maji ikivukizwa inabeba kama jouli 2,400, hakuna barafu ya kufikia hapo. Kushusha lita 20 kwa nyuzi 6 ni jouli 504,000, yaani gramu 210 za maji zilizopotea hewani. Glasi moja!

FundiFriji: Kwako Dodoma hewa ni kavu, mzee. Dar unyevu umejaa, mtungi unatoa jasho kama sisi na haupoi sana. Na nyuzi 10 haufiki.

MuuzaUkwaju: Leo nimejaribu chupa nane, nimeziosha vizuri nje. Ukwaju umebaki ukwaju. Ila nilizitumbukiza ndoo ikiwa imejaa hadi ukingoni, zaidi ya lita nne zikamwagika mezani. Hiyo nayo ipo kwenye daftari?

Kidato4: Ipo, mama. Kanuni ya Archimedes: kitu kikiingia kwenye kimiminika, kinakisukuma kipishe.