Wiki moja ya kula kwa raha: Venice, Amsterdam au Bruges?

BintiKilindini
Wapendwa habari zenu. Mwanzoni mwa Mei mimi na mzee wangu tunasherehekea ndoa yetu, na watoto wametuchangia nauli. Tunataka mji mmoja wa Ulaya wenye mifereji, tukae wiki nzima, tule. Za kukimbizana na makumbusho sizitaki. Nataka niamke, niende sokoni, nirudi nipike au tukae mahali tule mpaka basi, halafu tulale mchana.

Nimebaki na hiyo mitatu hapo juu. Hatuli nguruwe, pombe hatugusi, samaki hata mara tatu kwa siku tunamla. Mzee goti linamsumbua, ngazi kwake ni adhabu. Visa tunaombea Nairobi, kwa hiyo lazima niamue mapema ni ubalozi wa nchi gani. Mliofika huko nisaidieni, lakini msinipe orodha za "vivutio kumi bora", hizo nimezisoma.

KarafuuNyeusi
Hongera dada. Naishi Uholanzi, kwa hiyo nitavutia kwangu, usinilaumu.

Amsterdam usiende kwa ajili ya chakula cha Kiholanzi. Hicho utakimaliza siku ya kwanza: viazi, kroketi, keki ya tufaha, basi. Wanaoulisha mji ule ni watu waliotoka kwenye makoloni. Nenda soko la Dappermarkt au Albert Cuyp, yote yako wazi Jumatatu hadi Jumamosi, utafute roti ya Wasuriname, watu wa Suriname, koloni la zamani la Uholanzi huko Amerika Kusini. Ndani ya mkate wenyewe wamejaza dengu za njano zilizosagwa. Pembeni kuku wa mchuzi, viazi, maharage mabichi yale marefu na yai la kuchemsha, unamega kwa mkono na hakuna wa kukukodolea macho. Wazee wao walichukuliwa India kuanzia 1873 kwenda kufanya kazi mashambani Suriname baada ya utumwa kufutwa, ndiyo maana ukionja mchuzi utahisi uko Mombasa. Maduka mengi ya roti ni ya halali na yameandika mlangoni.

Kisha Waindonesia. Wana kitu kinaitwa rijsttafel, wali katikati na vibakuli vya vitoweo vimejaa meza nzima. Hapo chunga neno moja, babi. Ukiliona kwenye menyu, ni nguruwe. Rendang, nyama iliyopikwa kwa tui na viungo, na sate ya kuku, mishkaki yao, ni tamu sana, ila uliza kama nyama ni halali, maana si kila mgahawa.

Na mimi mtu wa Pemba siwezi kunyamaza kuhusu nagelkaas, jibini la Friesland lenye karafuu na bizari ya pilau ndani. Unatafuna, mara jino linakutana na karafuu. Waholanzi hao hao karne ya 17 walikuwa wanakata mikarafuu ya watu visiwani Maluku, Indonesia ya leo, ili wabaki wauzaji peke yao, leo wanatuwekea kwenye jibini!

Goti la shemeji halitapata tabu. Mji ni tambarare, tramu ziko kila mahali, na kivuko cha nyuma ya stesheni kuu kwenda Noord, upande wa pili wa maji, ni bure.

Fundi_Jiko
Tambarare nje, ndani je? Karafuu, mbona hujamwambia dada kuhusu ngazi za nyumba za Amsterdam? Zile nyumba nyembamba za pembeni mwa mifereji ngazi zake ni kama za kukwea mnazi, unashika kamba huku begi liko mgongoni. Ukikodi chumba ghorofa ya tatu, mzee atashuka asubuhi na kupanda usiku tu.

KarafuuNyeusi
Hilo kweli 😅 Wachukue hoteli yenye lifti na jiko dogo. Ila wajue kodi ya watalii Amsterdam ni asilimia 12.5 ya bei ya chumba, na mara nyingi unaikuta juu ya bei uliyoiona mwanzo.

MtotoWaKatanga
Jambo bandugu. Mimi nakaa Gent, Bruges ni karibu nusu saa kwa treni, nawapeleka wageni kila wakija.

Mama, Bruges ni nzuri sana, lakini wiki nzima ya kula? Hapana. Watu huja kwa kome na chipsi. Kome wengi hapa wanatoka Zeeland, Uholanzi, na msimu wao unaanza Julai. Mei haujafika. Chipsi zenyewe kwa desturi ya Ubelgiji zinakaangwa kwa mafuta ya ng'ombe, na huyo ng'ombe hakuchinjwa kwa bismillahi. Zipo sehemu zinazotumia mafuta ya mimea, lazima uulize. Nyama ya mchuzi ile maarufu inapikwa kwa bia. Hata chokoleti, angalia za kujazwa, nyingine zina pombe ndani.

Sifa yake ni utulivu. Mabasi ya watalii yakiondoka jioni, unasikia nyayo zako mwenyewe. Siku mbili zinatosha, moja iwe Jumatano, kuna soko kwenye uwanja wa Markt.

BintiKilindini
Asante ndugu yangu, umeniokoa. Bruges nimeifuta. Fundi, wewe Venice umeifahamu vipi? Naambiwa huko madaraja ni mia nne na kitu na kila moja lina ngazi.

Fundi_Jiko
Ni kweli, yanazidi mia nne, na karibu yote ni ya ngazi. Nilifanya kazi jikoni Italia kaskazini, siku za mapumziko nilikuwa naenda kula Venice. Nitakueleza mji ulivyo, uamue mwenyewe.

Venice ni mji wa samaki kuanzia asubuhi. Soko la Rialto upande wa samaki linafungua Jumanne hadi Jumamosi, asubuhi tu, mboga na matunda hata Jumatatu zipo. Fika mapema. Utamkuta ngisi mweusi kwa wino wake, pweza wadogo, kaa, kamba wadogo wa kijivu wanaoitwa schie, sardini wanang'aa. Kila samaki kwenye barafu ana kibao cha bei na mahali alipovuliwa. Ukutani kuna bamba la mawe la zamani lenye urefu wa chini wa samaki wanaoruhusiwa kuuzwa: sardini sentimita 7, chaza 5, kome 3. Ukiwa na jiko nyumbani, dada, utalia kwa furaha.

Usipopika, kuna vibanda vinaitwa bacaro. Unasimama kaunta, kwenye kabati la kioo zimepangwa cicchetti, vipande vidogo vya kula kwa mkono, unaonyesha kwa kidole hiki na hiki. Bei ya kimoja ni yuro chache. Anza na baccalà mantecato: samaki mkavu wa Norway analowekwa siku kadhaa, anachemshwa, kisha anapigwa na mafuta kidogo kidogo mpaka awe krimu nyeupe, wanampaka juu ya polenta, yaani ugali uliokatwa na kuchomwa. Pia sarde in saor, sardini wa kukaanga waliolala kwenye vitunguu, siki, zabibu kavu na mbegu za msonobari. Hiyo ilikuwa njia ya mabaharia kuhifadhi samaki, na ni tamu zaidi siku ya pili. Watu wa huko wananywa divai na hivyo vitu, ninyi agizeni maji au juisi, hakuna atakayewauliza.

Na Mei mna bahati. Kisiwa cha Sant'Erasmo ndipo bustani ya Venice ilipo, na wakati huo zinatoka castraure, vitumba vya kwanza vya artichoki, mboga ambayo huliwa ua lake kabla halijafunguka. Wanavikata ili vingine vipate kukua, kwa hiyo ni vichache na bei yake imesimama. Vinakatwa vyembamba, mafuta ya zeituni, ndimu, chumvi, vinaliwa vibichi. Ukipika utaviharibu.

Chizi_la_Samaki
Nimesoma hii mchana wa njaa, Fundi Mungu anakuona.

BintiKilindini
Wallahi nami mate yamenijaa. Lakini halali? Na goti?

Fundi_Jiko
Halali: nyama Venice kwenyewe ni shida, hesabu samaki na mboga. Mkitamani kuku, pandeni treni hadi Mestre, upande wa bara wa Venice, dakika kumi na kitu. Kuna Wabangladeshi wengi waliokuja kwa kazi za viwanda vya meli, na mitaa ya karibu na stesheni ina mabucha ya halali. Mgahawani mfundishe mzee maneno mawili, "senza vino", bila divai, kwa sababu risoto, wali wao mzito, karibu zote zinatiwa divai nyeupe mwanzoni. Baada ya kupikwa hawawezi kuitoa, kwa hiyo uliza kabla ya kuagiza.

Goti: panga mtaa wa Cannaregio, karibu na kituo cha boti cha Ca' d'Oro. Barabara ya Strada Nova ni pana na madaraja yake ni machache. Kutoka hapo kwenda sokoni usizunguke kwa miguu hadi daraja la Rialto. Pale Santa Sofia kuna gondola, mashua nyembamba ya kasia, ya kuvushia watu mfereji mkuu, inaitwa traghetto, yuro 2 kwa mgeni, inakutupa ng'ambo mlangoni mwa soko la samaki. Gondola ya kitalii ya nusu saa ni yuro 90 mchana, kwa hiyo hii ya yuro 2 inatosha kwa picha.

Mahali pengine tumieni boti za umma, tiketi moja ni yuro 9.50 lakini ya siku saba ni yuro 65, chukueni hiyo. Kutoka Fondamente Nove, huko huko Cannaregio, boti namba 12 inakwenda kisiwa cha Burano na namba 13 Sant'Erasmo. Mzee anakaa, anatazama maji.

Nyumba uliza kabisa kama ina lifti. Nyingi hazina. Ghorofa ya chini ina unyevunyevu, ya kwanza ndiyo bora.

Abiria_Mkongwe
Mbona msigawe? Siku nne Venice, tatu Amsterdam, ndege ni fupi.

KarafuuNyeusi
Kaka, ametwambia anataka kulala mchana. Siku ya kuhama ni siku ya kufunga mabegi, uwanja wa ndege, kufungua mabegi. Unakula sandwichi ya plastiki. Na ile visa unaiombea nchi utakayokaa zaidi, ubalozi utataka kuona mpango ulionyooka. Ada ya visa, yuro 90 kwa mtu, si ya kulipa mara mbili kwa kukosea mlango.

Dada, mimi sasa nakushauri Venice. Roti utakuja kuila siku nyingine, ukija bila goti la shemeji 😂

MtotoWaKatanga
Naunga mkono Venice. Ila waangalieni sana wenye migahawa ya picha za chakula mlangoni karibu na San Marco, uwanja mkuu wa Venice.

Fundi_Jiko
Na kuna jambo linaloumiza kuliko picha. Samaki mzima kwenye menyu mara nyingi bei yake ni ya "etto", gramu 100. Unaona yuro 8, unafurahi, analetwa samaki wa kilo moja, bili inakuja 80. Mwambie akupimie kabla hajampeleka jikoni, ni haki yako. Juu yake kuna coperto, pesa ya kukaa mezani, yuro mbili tatu kwa mtu, hiyo ni ya kawaida, msigombane. Kusimama kaunta hailipwi.

BintiKilindini
Basi Venice, Cannaregio, nyumba yenye jiko na lifti. Nimepata mbili za kulinganisha. Maswali mawili: ile ada ya kuingia mjini tunalipa? Na tufike siku gani?

Fundi_Jiko
Ile ada ni ya wanaoingia na kutoka siku hiyo hiyo. Mwaka 2025 ilikuwa yuro 5 ukilipa mapema, 10 ukichelewa, kwa siku 54 za Aprili hadi Julai. Mnaolala mjini hamlipi, lakini jisajilini kwenye tovuti ya mji mpate msimbo wa msamaha. Ninyi mtatoa kodi ya kulala tu, nayo inahesabiwa usiku tano wa kwanza.

Fikeni Jumatatu. Soko la samaki limefungwa hata hivyo, jioni mtakula cicchetti kwa kusimama kidogo, mlale mapema. Jumanne saa mbili asubuhi muwe Santa Sofia na kikapu. Mkitua uwanja wa Marco Polo msichukue teksi ya boti, itakula pesa ya chakula cha siku mbili. Kuna boti za Alilaguna, au basi hadi Piazzale Roma, kituo cha mabasi cha Venice, na boti namba 1, shukeni Ca' d'Oro.