Mrejesho: zamu za kazi kule kambini

Wakuu, niliuliza tufanyeje kambini kwetu, mbali na barabara na umeme wa gridi, maana wachache ndio walikuwa wanachota maji na kupasua kuni huku wengine wakijificha nyuma ya "mimi ni fundi".

Ratiba ya zamu imesaidia, ila kwa kazi zinazokimbiwa tu: choo, majivu, vyombo. Kupika tumewaachia wanaopenda, na tunakula vizuri kuliko zamani.

Aliyenijibu kwamba tuanze na betri zinazotunza umeme wetu, nampa tano. Zetu ni za asidi, na zikishushwa chini ya nusu kila usiku zinakufa mapema. Sasa kuna msoma mita wa jioni. Chaji ya betri ikishuka hadi asilimia 50 anazima taa za nje na chaji za simu, hata ya kiongozi. (Kiongozi alinuna. Akazoea.) Ugomvi wa nani kamaliza umeme umekwisha.

Choo kipya tumekichimba zaidi ya mita 30 kutoka kisimani, upande wa chini wa mteremko.

Kinachotushinda bado ni kikao cha wiki: watu wanakaa kimya, halafu wanasema pembeni. Mwenye mbinu ya hilo anisaidie.