Binti yangu aanzie jukwaani au kwenye runinga?

Mama wa Nyalenda (Kisumu)
Hamjambo nyote. Kitindamimba wangu alimaliza kidato cha nne mwaka jana. Shuleni maisha yake yalikuwa drama tu. Sasa kuna kundi hapa Kisumu linalozungusha tamthilia teule, yaani michezo ya vitabu vya mtihani, mashuleni, linamtaka. Shangazi yake wa Nairobi naye anasema aende huko akatafute nafasi kwenye vipindi vya runinga, kwa sababu hata Lupita Nyong'o wetu amejulikana kwa sinema, si kwa kumbi za shule. Baba yake amenyamaza. Aliyepitia kazi hii anishauri tafadhali.

Mwigizaji wa Kakamega
Mama, pokea salamu. Nimezunguka na tamthilia teule miaka sita, Busia hadi Kisii, nikilala juu ya magunia ya mavazi ndani ya matatu, kisha nikaingia runingani.

Kwanza Lupita. Ni kweli Oscar ya 2014 aliipata kwa sinema. Lakini akiwa na miaka 14 alikuwa tayari amecheza Juliet na kundi la Phoenix Players pale Nairobi. Runinga aliionja hapa nyumbani, kwenye kipindi cha Shuga cha 2009, na uigizaji akausomea Chuo Kikuu cha Yale, Marekani, hadi 2012. Linalonigusa zaidi ni alichofanya baada ya tuzo: 2015 alirudi jukwaani New York na Eclipsed, mchezo wa Danai Gurira kuhusu wanawake katika vita vya Liberia, na 2016 ukahamia Broadway, kwenye kumbi kubwa za mji huohuo. Kila jioni, hakuna kusimamisha na kurudia. Mwaka 2025 akacheza Viola wa Shakespeare katika Central Park, mdogo wake Junior akiigiza kama pacha wake, na mle mchezoni wakasemezana Kiswahili. Niliposoma hayo nililia, mama.

Sasa mimi. Kuna shule moja upande wa Luanda, kule Vihiga, ukumbi wa mabati, wanafunzi wamejaa hadi madirishani. Mvua ikashuka tukiwa katikati ya mchezo, na maikrofoni hatuna. Mwenzangu akasogea ukingoni mwa jukwaa, akaanza kusema kwa mikono. Nami nikamjibu kwa mikono. Watoto wakatulia wakitutazama mpaka mvua ikapungua, tukaendelea pale mazungumzo yalipokuwa yamefika. Hakuna darasa lingenifundisha hilo.

Runinga ina mambo yake. Siku ya kwanza walinibandika kipaza sauti kidogo chini ya blauzi. Nikatamka sentensi moja kama niko Luanda, kijana wa sauti akavua vifaa vyake masikioni haraka. Nikaambiwa nipunguze. Nikapunguza, bado. Ilinichukua juma zima kuelewa kwamba kamera inaona hata kope ikicheza. Tena hawafuati mpangilio wa hadithi: asubuhi unamzika mume, jioni unaolewa naye.

Pesa nazo! Kipindi kimoja nilifanya kazi siku 11, malipo yakaja baada ya miezi minane, tena nusu. Popote atakapokwenda, mkataba uandikwe, na uusome wewe mwenyewe kabla hajatia sahihi.

Angekuwa mdogo wangu, ningemwacha Kisumu mwaka mmoja, akila kwako na kulala kwako, sauti ikikomaa.

Fundi Sauti, Nakuru
Dada amesema kweli. Niongeze tu kwamba siku hizi wanaochagua waigizaji huomba video ya simu kwanza. Asimame mbele ya ukuta mtupu, dirisha limwangaze usoni, lisiwe nyuma yake. Na azime redio ya jirani kama anaweza.

Mama wa Nyalenda
Asanteni sana. Kundi limesema nauli ni juu yao, ila mkataba hawajautaja. Jumamosi wana mazoezi. Mzazi anaruhusiwa kuingia?

Mwigizaji wa Kakamega
Ingia, mama, na uulize hilo la mkataba kabla hawajaanza. Kisha kaa kiti cha nyuma kabisa. Ukimsikia vizuri kutoka hapo, niandikie.