Chuo kikuu cha kusomea muda kingejengwa Dodoma, kozi ya kwanza iwe ipi?

Mkazi wa Nzuguni:
Wakuu habari za jioni. Nina wazo limenikaa kichwani siku nyingi, naomba tulijadili kwa uzito wake. Vyuo tunavyo vya kilimo, maji, uhasibu, ardhi, ila chuo ambacho kuanzia getini mpaka maktaba watu wanasoma muda wenyewe tu, yani wakati, hakipo. Kuna chama cha kimataifa cha wasomi wanaochunguza muda kimeanzishwa 1966, wanakutana wataalamu wa fani tofauti kabisa wanajadiliana, wakimaliza kila mtu anarudi kwao. Mimi nawaza chuo kizima chenye mabweni na maabara, tena kiwe hapa hapa Dodoma. Mji huu uliambiwa 1973 kwamba utakuwa makao makuu na serikali imekuja kuhamia kwa kasi baada ya 2016, kuna watu wamezaliwa, wamesoma, wamepata wajukuu jambo hilo likiwa bado linaendelea. Sasa swali, mwanafunzi wa mwaka wa kwanza aanze na nini? Na sisi wa huku kanda ya kati tuna kipi cha kumfundisha ambacho mwanafunzi wa Paris hakipati?

Fundi Saa Majengo:
Mkuu aanze na jua, tena nje uwanjani, projekta baadaye. Saa ya Tanzania nzima imepangwa kwa mstari wa digrii 45 mashariki na huo mstari haupiti hata kwenye nchi yetu, uko kule karibu na Mogadishu. Dodoma tuko digrii 35 na robo tatu hivi, na kila digrii moja jua linaichukua dakika 4, piga hesabu utaona jua letu liko nyuma ya saa ya simu kwa wastani wa dakika 37. Yani ikigonga saa sita kamili mchana jua la Dodoma kwa kawaida bado linapanda.

Alafu kuna siku mbili kwa mwaka, Machi kama tarehe 5 na Oktoba kama tarehe 8, jua linakaa utosini kabisa, ukisimika mti wima kivuli chake kinapotea. Ila hakipotei dakika ile ile! Oktoba ni kama saa sita na dakika 25, Machi inasogea mpaka saa sita na dakika 48 hivi, kwa sababu mwendo wa dunia kulizunguka jua haulingani mwaka mzima na pia dunia yenyewe imeinama. Mtu akishaliona hilo kwa mti na kamba ndo umpeleke kwenye saa ya atomu za sizi (cesium), ambayo tangu 1967 ndiyo inayosema sekunde moja ni mitetemo 9,192,631,770, na umwoneshe kwamba saa za setilaiti za GPS zinakimbia mbele kuliko za huku chini kwa mikrosekunde 38 kila siku, bila kuzirekebisha ramani ya bodaboda ingekosea kwa kilomita nyingi tu. Hapo hatakariri, ataelewa.

Mtoto wa Kolo:
Fundi umeshusha nondo, ila mimi natokea Kondoa na siwezi kunyamaza. Michoro ya miambani ya kwetu iliingia urithi wa dunia UNESCO 2006, na mpaka leo umri wake ni mjadala. Sababu ni hii, ile rangi nyekundu ni udongo wenye madini ya chuma, haina kaboni, na kipimo cha kaboni kinataka kitu kilichowahi kuwa hai, mkaa, mfupa, mbegu, na hata hivyo kikipita miaka 50,000 hivi hakikusaidii tena. Kwa hiyo unachimba chini ya mchoro unapima mkaa uliokuta, alafu unabaki unajiuliza aliyewasha moto ndiye aliyechora? Hapo ndo pa kuweka kitivo, wanafunzi walale Kolo, kijijini kwetu karibu na michoro.

Na mwamba wenyewe ni habari nyingine. Mawe ya huku kati ni ya kale mno, mengi yamepita miaka bilioni 2.5, yanapimwa kwa urani inavyogeuka kuwa madini ya risasi taratibu. Umri wa mchoro unatushinda ila umri wa jiwe lililochorwa tunaweza kuupata, mimi hilo linanifanya nitamani kurudi darasani.

Mama Nyemo:
Wanangu mmeongea vizuri ila hamjataja watu. Bibi yangu mzaa mama hakujua mwaka wake wa kuzaliwa kwa namba, alijua alizaliwa baada ya Mtunya. Mtunya ni ile njaa kubwa ya Ugogo ya 1917 mpaka 1920, vita vya Wazungu vilichukua chakula, ng'ombe na vijana wa kubeba mizigo alafu mvua nayo ikakata. Kwa jina hilo moja tu mzee anakupangia ukoo mzima nani mkubwa nani mdogo. Hata makarani wa sensa wanatembea na kalenda ya matukio kukadiria umri wa wazee, sasa kwa nini isiwe kozi, na walimu wawe wazee wenyewe walipwe kama walimu wengine? Wanaondoka kila mwaka na hakuna anayeandika.

Kijana wa Bahi:
Naheshimu mawazo yenu ila tuseme ukweli, mzazi anauza mbuzi kulipa ada, mtoto akimaliza digrii ya muda anaajiriwa wapi? Huku mvua ni msimu mmoja tu, Desemba mpaka Aprili, na mara nyingi inakata katikati. Ukiwahi kupanda mbegu inakauka, ukichelewa mtama haukomai. Mkinipa mhitimu anayeweza kukaa na mkulima wakaamua wiki ya kupanda, nitauza mbuzi na mimi.

Mkazi wa Nzuguni:
Kijana wa Bahi hilo lako ndo naliweka namba moja, muhula wa kwanza uanze Novemba shambani wakati watu wanaangalia mawingu, vivuli vya Fundi wavipime Machi mvua ikiwa bado ipo. Mtoto wa Kolo, wale wanaochimba chini ya michoro wanaruhusu wanafunzi wa kujitolea au mpaka kibali? Na Mama Nyemo shikamoo, naomba uwaulize wazee waliobaki hapo kwenu majina ya njaa zilizofuata baada ya Mtunya kwa mpangilio wake, uyaandike hapa hata kama ni mawili tu, nitaanza kuyakusanya.

Mama Nyemo:
Marahaba mwanangu. Jumapili baada ya ibada nawapitia, yupo mmoja ana kumbukumbu nzuri sana ila anaongea Kigogo tu, nitamrekodi kwa simu.