Tupeane uzoefu: kazi ya umeneja na utangazaji wa mieleka, tukimchambua Bobby Heenan

#1
Wadau, kila siku tunawajadili wenye mikanda. Leo tumweke mezani mtu wa kando ya ulingo, meneja na mtangazaji: Bobby Heenan, "The Brain", mzaliwa wa Chicago mwaka 1944, aliyefariki 2017. Alianza kwa kubeba mabegi na majaketi ya wanamieleka. Miaka ya 1970 yuko AWA, kampuni ya mieleka ya Marekani, akimsimamia mwanamieleka Nick Bockwinkel, 1984 akaingia kampuni ya WWF (leo WWE), baadaye akakaa kwenye maikrofoni. Tuleteeni ufundi tu. Zile za "mimi niliwahi kumwona" ziwekeni kando.

#2
Kumzubaisha refa ndiko kunakoharibiwa zaidi. Meneja akipanda ukingoni mapema, refa anabaki kubishana naye bila sababu na ukumbi mzima unaona wanavuta muda. Akichelewa, refa ameshahesabu tatu na pambano limekwisha. Subiri mtu wako awe na mpinzani mkononi, kisha panda upande wa pili kabisa ili refa alipe tukio mgongo. Shika kamba ya juu kwa mikono miwili, maana steringi akija kukutandika ngumi, kamba ndiyo itakayokupa nafasi ya kuchagua pa kudondokea. Hila ikishapita, shuka.

Tazama onyesho kubwa la WWF, WrestleMania V, Atlantic City, Aprili 2, 1989. Ultimate Warrior amesimama ndani, anamnyanyua Rick Rude kutoka ukingoni ili amrudishe ulingoni kwa supleksi, yaani kumbeba na kumbwaga kwa mgongo. Heenan yuko chini, anauvuta mguu mmoja wa Warrior. Warrior chali, Rude juu yake. Meneja wa kawaida angekimbia hapo akishangilia. Heenan aliung'ang'ania ule mguu mpaka hesabu ya tatu. Refa aliyelala chini anatazama mabega, kwa hiyo mguu ulio kambani haumo machoni pake. Mkanda wa Intercontinental ukaenda kwa Rude, na Warrior hakushuka thamani hata kidogo, kwa sababu kila mtu alijua ameibiwa. Baada ya hapo Heenan akanyanyuliwa juu ya kichwa na kubwagwa. Bila malipo hayo mashabiki wanarudi nyumbani na deni.

#3
Naongeza kwenye mahojiano. Ukiwa na jitu, wewe ongea, jitu lisimame. André the Giant mwaka 1987 alikuwa na maumivu makali ya mgongo, hivyo maneno mengi ya kumchokoza Hulk Hogan yalibebwa na Heenan. Walipopambana kwenye uwanja wa Pontiac Silverdome, Machi 29 mwaka huo, walitangaza watu 93,173, na njia ya kwenda ulingoni ilikuwa ndefu kiasi kwamba walipelekwa kwa kigari. Heenan alipanda pamoja na André huku takataka zikiwarukia.

Kosa la mameneja wachanga ni kumponda mpinzani mpaka abaki si kitu. Ukisema hajui kupigana, mtu wako akimshinda ameshinda kapi, na akishindwa, ni aibu maradufu. Sema mpinzani ni hatari, halafu sema umepata dawa yake.

#4
Na kuanguka. Ulingo ni mbao juu ya vyuma, sponji nyembamba, kisha turubai. Kidevu kifuani, mgongo wa juu utue bapa, viganja vipige turubai pembeni, pumzi itoke. Ukiinua kidevu, kisogo kinafika kwanza. Heenan alianguka kama mwanamieleka kamili, na shingo ikamdai: 1991 aliacha umeneja.

#5
Kwenye meza ya utangazaji kuna watu wawili wenye kazi tofauti. Wa kwanza anataja mshiko, jina na muda. Wa pili anaeleza sababu. Heenan alikuwa wa pili, akimtetea adui (mwanamieleka anayecheza mtu mbaya) waziwazi, na mtangazaji mwenzake Gorilla Monsoon alimrudisha kwenye mstari. (Ile sehemu nyuma ya pazia wanapotokea wanamieleka mpaka leo inaitwa kwa jina la Gorilla.)

Somo zuri ni Royal Rumble, Januari 1992, pambano ambalo wanamieleka huingia mmoja mmoja na wa mwisho kubaki ndiye mshindi. Ric Flair aliingia wa 3 kati ya 30 na kukaa karibu saa nzima. Heenan hakutaja kila ngumi, alihangaika kwa niaba ya Flair. Mwanamieleka Roddy Piper alipomsaidia Flair bila kukusudia, vazi lake, ambalo Heenan aliliita sketi, likawa kilti ya heshima, vazi la wanaume wa Uskoti. Piper alipomgeukia Flair, likarudi kuwa sketi. Kwa utani huo mmoja msikilizaji anajua nani yuko hatarini bila hata kutazama.

Kanuni moja tu: hesabu ya tatu ikianza, mchambuzi anyamaze.

#6
Hapo kwenye kunyamaza ndipo alipoteleza. Bash at the Beach, Julai 7, 1996, onyesho la kampuni ya WCW ambako Heenan alikuwa akitangaza: Hogan anatembea kuelekea ulingoni, watu wanadhani amekuja kuwaokoa wa WCW, na Heenan anauliza yuko upande gani. Sekunde chache baadaye Hogan anageuka adui. Alishavujisha siri.

#7
Sikubaliani, #6. Heenan alikuwa amemchukia Hogan hadharani kwa miaka mingi. Angemsifu ghafla, hapo ndipo watu wangeshtuka. Shida ni sauti: aliuliza kwa wasiwasi wa kweli. Angelalamika kama kawaida yake kwamba "huyu naye amefuata nini", swali lisingewagutusha watu. Rudia video, usikilize kwanza bila picha.